Mikono Iliyoinuliwa Jomvu: Historia ya Imani Kutoka Visiwa vya Wabajuni na Pwani ya Kismayo



Kamati ya jarida hili iliniomba niandike kidogo juu ya historia ya imani upande wa Kismayo na visiwa vya Wabajuni. Ushirika wetu umekuwa ukiiombea pwani hiyo miaka mingi, lakini vijana wetu wengi hawajui kule kulikuwa na nini kabla yetu. Nilikubali haraka, bila kufikiri. Nilipokaa kuandika ndipo nikaona kazi si nyepesi. Historia ya kule hainyooki kama tunavyonyosha shuhuda zetu.

Sisi tuna namna yetu ya kushuhudia, si ndiyo? Nilikuwa gizani, tarehe fulani, mkutano fulani, mtumishi fulani akahubiri, nikaenda mbele, nikaokoka, na tangu siku hiyo sijageuka nyuma. Watu wanapiga vigelegele, tunaimba, shuhuda inayofuata. Siipingi namna hiyo. Mimi mwenyewe ninayo tarehe yangu. Lakini ukisoma habari za pwani ya Kismayo kwa miaka karibu 200, unaona watu wakibadilika imani polepole, wengine mara mbili mara tatu katika maisha yao, wengine kwenda mbele na wengine kurudi. Kama ushirika wetu utaadhimisha miaka yake kwa kweli, na tuitazame historia hiyo ilivyo.

Hebu nianze na kisa changu mwenyewe, maana ndicho kilichonifanya niitafute historia hii.

Kambini Jomvu

Mwaka 1991 serikali ya Siad Barre ilipoanguka na vita kuingia kusini mwa Somalia, Wabajuni wa Kismayo, Koyama, Chovai na Chula walikimbia. Hawakuwa na jeshi wala ukoo mkubwa wa kuwatetea. Walipanda mashua zao na majahazi wakashuka kusini, wakapita Ras Kiamboni, Kiunga na Lamu, hadi Mombasa. Wengi wao waliwekwa katika kambi ya Jomvu.

Mimi nilikuwa kijana katika kanisa moja mjini. Tulipeleka unga, blanketi na mafuta ya kupikia. Baada ya kugawa tulikuwa tunahubiri, kisha tunafanya mwito. Siku moja, baada ya mahubiri, kiongozi wetu aliuliza nani anataka kuombewa na kumpokea Yesu, ainue mkono. Kazi yangu ilikuwa kuhesabu. Nilihesabu mikono 43. Niliandika kwenye daftari, na Jumapili iliyofuata hesabu ikasomwa kanisani, watu wakaruka kwa furaha. Hata mimi niliruka.

Miaka mingi ikapita. Kambi ikafungwa, wengine wakarudishwa visiwani katika miaka ya 1990 mwishoni, wengine wakabaki Mombasa na kusini mwa pwani. Siku moja niko Bandari ya Kale, nikamwona mzee mmoja anashona nyavu. Nilimkumbuka. Alikuwa mvuvi wa Chula, na mkono wake ulikuwa mmoja wa ile 43.

"Shikamoo, baba."

"Marahaba, mwanangu. Wewe ni yule wa unga."

Tulicheka. Nikakaa. Baadaye nikamwuliza, kwa haya kidogo, kama bado anakumbuka siku ile alipoinua mkono. Akaniambia anakumbuka sana. "Mwanangu, mgeni hamkatalii mwenyeji. Mmetuletea chakula, mkasema nani anataka kuombewa. Sasa mtu mwenye njaa, mke wake kamzika Kiunga, anakataa vipi dua? Niliinua mkono kwa adabu. Na dua ile niliipokea, nasema kweli. Lakini dini yangu sikuibadili."

Nikanyamaza. Akaendelea kushona. Kisha akasema neno ambalo halijaniacha: "Wewe ndiye uliyebadilika. Siku zile ulikuwa unatutazama vichwa tu, unahesabu. Leo umekaa chini."

Niliondoka pale nikiwa na swali. Je, tulikuwa tunafanya nini Jomvu? Na waliotutangulia katika pwani ile, wao walifanya nini, na ilikuwaje?

Pwani isiyokuwa tupu

Kwanza tuache kusema kule ni "shamba tupu". Visiwa vya Wabajuni ni mlolongo wa visiwa vidogo unaoanzia karibu na Kismayo kushuka hadi karibu na mpaka wa Kenya. Watu wake ni ndugu wa Wabajuni wa Kiunga, Kizingitini, Faza na Ndau upande wa Lamu. Lugha yao, Kibajuni, ni Kiswahili cha kaskazini. Sisi tunaosoma Biblia kwa Kiswahili tunasoma kwa lugha ambayo watu hawa waliikuza kwa karne nyingi wakiwa Waislamu. Maneno kama imani, dua, sala, toba, dhambi na rehema, mengi yalipita vinywani mwa watu wa pwani kabla hayajaingia vitabuni mwetu. Tukiyatamka kwenye mkesha, tunakula chungu kimoja na majirani wale, tujue tusijue.

Kwa hiyo Mbajuni siyo mtu asiye na imani anayengoja kuletewa. Ana imani, ana wazee, ana makaburi ya wazazi wake yaliyojengwa kwa mawe ya matumbawe. Anayegeuka pale, anageuka kutoka mahali fulani, na gharama yake ni kubwa kuliko ya mtu wa bara ambaye nyumba yake ina dini tatu na wote wanakula Krismasi pamoja.

Wazigua waliotembea kwenda nyumbani

Sasa twende bara kidogo, kando ya Mto Juba. Karibu na mwaka 1840, kabla na baada, watu wengi wa Uzigua, huko Tanzania ya leo, walikumbwa na ukame na njaa. Wakauzwa, wengine wakadanganywa, wakasafirishwa kwa bahari hadi pwani ya Somalia kufanya kazi ya utumwa katika mashamba ya Mto Shabelle. Wazee wao wanasimulia kwamba alitokea mwanamke mmoja aitwaye Wanakhucha, mwenye kipawa cha kutabiri, akawaongoza kutoroka. Nia yao ilikuwa kutembea kwa miguu hadi kwao. Walifika msitu wa Juba, mahali paitwapo Gosha, wakakaa. Mbung'o wa msitu ule waliwazuia wafugaji wenye ng'ombe, na hiyo ikawa ngome yao. Watoro wengine wa makabila mengi, Wayao, Wamakua na wengineo, wakajiunga nao.

Watu hawa walikuja na imani ya mababu zao, na ngoma zao, na desturi za jando na unyago. Baada ya muda, hasa kuanzia miaka ya mwisho ya karne ya 19, wengi wakawa Waislamu. Haikuwa siku moja. Walimu wa tarika walifungua makazi ya kidini ambapo mtoro alikaribishwa kama ndugu, akafundishwa kusoma, akalindwa, akazikwa kwa heshima. Mtu aliyeitwa mtumwa nje, ndani aliitwa ndugu. Ni nani asiyevutwa na jambo hilo? Hata hivyo ngoma za mababu hazikufa. Watafiti walizikuta bado zinachezwa kati ya Wazigua wa Juba zaidi ya karne moja baadaye, na wachezaji wanaswali vilevile.

Na tazama mwisho wake. Vita vya 1991 viliwafukuza wao pia. Sehemu yao ilikimbilia Tanzania, na mwishowe wakapewa makazi Chogo, wilaya ya Handeni, ndani ya Uzigua wenyewe, na serikali ya Tanzania ikawapa uraia. Yaani wajukuu walimaliza safari ambayo Wanakhucha aliianza! Walirudi na Kizigua kinywani. Lakini mababu waliondoka na imani moja, wajukuu wakarudi na nyingine. Na ndugu waliobaki Handeni nao kumbe walishabadilika, wengine Waislamu, wengine Wakristo. Hakuna aliyebaki alipoachwa.

Waswidi wa Kismayo

Injili kwa namna ya Kiprotestanti ilifika Kismayo miaka ya mwisho ya 1890, kupitia wamisionari wa Kilutheri kutoka Uswidi. Shabaha yao ya kwanza haikuwa Wasomali wala Wabajuni. Walikuwa wanatafuta njia ya kuwafikia Waoromo wa Ethiopia. Misheni hiyohiyo ndiyo iliyomlea Onesimos Nesib, Mworomo aliyeibwa utotoni akauzwa mara kadhaa, akakombolewa huko Massawa, akabatizwa 1872, na mwaka 1899 Biblia nzima ya Kioromo ikachapishwa kwa kazi yake. Njia ya kaskazini ilikuwa ngumu, wakajaribu kuingia kwa kusini, kupitia Kismayo na Mto Juba.

Wakati huo Jubaland ilikuwa chini ya Waingereza, sehemu ya himaya yao ya Afrika Mashariki. Waswidi walifungua vituo, shule na kazi ya dawa, Kismayo na kando ya mto hadi Jilib. Waliowasikiliza zaidi hawakuwa watu wenye koo kubwa. Walikuwa watu wa Gosha, watumwa waliokombolewa, yatima na wenye njaa. Kanisa dogo likazaliwa.

Kisha siasa zikaingia. Mwaka 1925 Waingereza waliikabidhi Jubaland kwa Italia. Bendera ikabadilika juu ya vichwa vya wale waumini bila wao kuulizwa. Mwaka 1935, Italia ilipoivamia Ethiopia, serikali ya Italia iliwafukuza Waswidi. Karibu miaka 40 ya kazi ikafungwa.

Hapa ndipo shuhuda zetu zinapopata taabu. Tungependa kusema kanisa lile liliendelea kwa moto. Lakini leo mjini Kismayo hakuna kanisa la wenyeji linalokusanyika wazi. Mchungaji akiondoka, shule ikifungwa, mtoto anahitaji kuoa, mzee anahitaji kuzikwa, na majirani wote ni wa imani nyingine. Katika hali kama hiyo mtu hakai chini siku moja akaamua kumkana Yesu. Anahudhuria matanga. Anaozesha binti. Anaswali na shemeji zake. Baada ya miaka 20 wajukuu hawajui kwamba babu alikuwa na jina la ubatizo.

Je, tuwaite wasaliti? Mimi sithubutu. Mtu aliyefungua mlango kwa sababu ya mkate na kitabu, kisha mkate na kitabu vikaondolewa, kosa lake ni lipi peke yake? Sisi tuliokuja baadaye na unga Jomvu, je, tulijifunza?

Wamenoni wa Jamama

Kundi lingine lilijifunza kwa gharama. Wamenoni kutoka Marekani walifika Somalia 1953. Walikuwa na shule kaskazini, na kule kusini walikuwa na hospitali Jamama, si mbali na Kismayo. Mwaka 1962, Mogadishu, mmisionari wao Merlin Grove aliuawa kwa kisu akiwa kazini, na mkewe Dorothy akajeruhiwa. Mwaka 1963 katiba ya Somalia ikabadilishwa, ikapiga marufuku kueneza dini nyingine isipokuwa Uislamu, na shule zote zikatakiwa kufundisha dini hiyo.

Wamisionari wengine walikataa sharti hilo. Wamenoni walikaa, wakaomba, wakakubali masomo ya Uislamu yafundishwe katika shule zao, wakaendelea kutibu na kufundisha. Bila shaka walikuwepo waliowaona waoga. Wakaendelea hivyo hadi shule na hospitali zilipotaifishwa mwaka 1972, na mwaka 1976 wakaondolewa nchini. Walihubiri kidogo kwa mdomo, na wakakaa muda mrefu na watu. Wasomali wengi waliosoma mikononi mwao hawakuwa Wakristo, lakini waliwakumbuka kwa heshima, na kwa heshima hiyo mlango wa mazungumzo haukufungwa kabisa.

Katika waliogeuka yupo mmoja ambaye habari zake ni za wazi, kwa kuwa aliziandika mwenyewe kitabuni: Ahmed Ali Haile. Alizaliwa 1953 Bulo Burte, katika familia ya Kiislamu iliyoshika dini, akamwamini Yesu akiwa kijana. Alisoma Marekani, akarudi kufanya kazi ya upatanisho. Mwaka 1992, Mogadishu, akiwa katika juhudi za kupatanisha koo, kombora lilipiga nyumba aliyokuwemo na akapoteza mguu. Baadaye alifundisha Nairobi, katika Chuo cha Daystar. Alifariki 2011. Ukisoma maisha yake hukuti chuki juu ya nyumba ya baba yake. Anaandika kwa upendo jinsi alivyolelewa. Anaonyesha kwamba alichopokea baadaye kilijengwa juu ya njaa ya Mungu aliyoanza nayo nyumbani. Imani yake ya ujana haikuwa ileile ya mtu wa miaka 39 aliyelala damuni, wala ya mwalimu wa kikwazo kimoja cha mguu aliyefundisha amani mpaka mwisho.

Uzee nao huhubiri

Niruhusuni nitaje na jirani mmoja asiye wa nyumba yetu. Barawa, kaskazini ya Kismayo, wanamkumbuka mama mmoja wa karne ya 19 aitwaye Dada Masiti. Akiwa msichana alichukuliwa hadi Zanzibar, akapata mateso huko karibu miaka 10 kabla ya ndugu zake kumrudisha. Baada ya hapo alijitoa kwa elimu ya dini, na katika uzee wake akawa mshairi wa Chimwini, lugha ya Barawa, akiwafundisha watu juu ya kifo na kumcha Mungu. Mimi ni Mpentekoste, na Dada Masiti hakuamini ninavyoamini. Lakini naona jambo ambalo wachungaji wote wanalijua: imani ya msichana, imani ya aliyenyanyaswa, na imani ya bibi kizee aliyeshazika wenzake, hata zikiitwa jina moja, ni vitu vitatu.

Kwetu tunaye mfano pia. Askofu Festo Kivengere wa Uganda alilelewa akichunga ng'ombe Kigezi, akabatizwa, kisha akaacha kabisa mambo ya Mungu, akaokoka katika uamsho mwaka 1941. Huo ndio ushuhuda wake tunaoupenda. Lakini yapo mengine. Mwaka 1977, baada ya Askofu Mkuu Janani Luwum kuuawa, Kivengere alitoroka nchi usiku. Mwenyewe alieleza kwamba uchungu ulimjaa moyoni dhidi ya Idi Amin, na kwamba katika ibada moja ya Ijumaa Kuu London Mungu alimbana hadi akasamehe. Alikuwa na miaka 36 ndani ya wokovu! Alikuwa amehubiri mabara yote. Bado palikuwa na chumba ndani yake ambacho hakijageuka.

Biblia inasemaje

Msinielewe vibaya, wapendwa. Sisemi kuokoka ni jambo la kukisia, wala kwamba dini zote ni moja. Nasema Biblia yenyewe inajua kwamba mtu hugeuka kwa hatua.

Mtazame Nikodemo. Katika Yohana 3 anakuja usiku, anauliza maswali, anaondoka, na hatuambiwi aliamua nini. Katika Yohana 7 anatoa hoja moja ya haki mbele ya wakubwa, anakemewa, ananyamaza. Katika Yohana 19 anakuja mchana na manemane na udi kumzika Yesu, wakati mitume wamejificha. Kama mimi ningekuwa na daftari langu usiku ule wa kwanza, ningemwandika wapi?

Mtazame Petro katika Matendo 10. Ameshakuwa mtume, amejazwa Roho, amehubiri Pentekoste, lakini juu ya dari kule Yafa bado Mungu anamgeuza kuhusu watu wa mataifa. Nyumba ya Kornelio iliokoka siku ile, na Petro naye akabadilika. Hata Paulo, ambaye kisa chake cha Dameski ndicho tunachokiiga, anasema katika Wagalatia 1 kwamba alikwenda Arabuni, na ikapita miaka mitatu kabla hajapanda Yerusalemu. Miaka mitatu hiyo hatuihubiri sana.

Kwa nini jambo hili si dogo

Mnajua hali. Kuanzia Agosti 2008 hadi mwisho wa Septemba 2012 Kismayo ilikuwa mikononi mwa Al-Shabaab, na hata leo sehemu kubwa ya bara yake si salama. Upande wetu wa mpaka tulizika watu wa Mpeketoni 2014, na watu 148 wa Garissa tarehe 2 Aprili 2015. Kwa hiyo mtu wa pwani ile anayeuliza habari za Yesu anaweka shingo yake mezani. Ndiyo maana katika jarida hili hamtaona jina wala picha ya ndugu yeyote wa upande huo. Wale wanaotuma picha za "waongofu wapya" kwenye simu, nawasihi kwa jina la Yesu, acheni. Picha yako moja yaweza kuwa msiba wa mtu.

Na tusisahau pia Desemba 2015, njia ya Mandera, washambuliaji waliposimamisha basi na kutaka Waislamu wajitenge na Wakristo. Abiria Waislamu walikataa. Mwalimu Salah Farah alipigwa risasi akiwatetea, akafa mwezi uliofuata. Kuna ndugu katika ushirika huu ambaye kabla ya siku ile hakuwa na neno jema kuhusu jirani zake Waislamu. Aliniambia, "Nilitubu mimi." Imani yake kwa Yesu ni ileile, lakini namna anavyowatazama wenzake imegeuka. Nalo si badiliko?

Tufanye nini basi

Tukisherehekea, naomba mambo manne.

Kwanza, tuache kuunganisha unga na mwito. Anayepewa chakula apewe chakula, aende zake. Anayetaka kuuliza atarudi mwenyewe, hata ikiwa usiku kama Nikodemo.

Pili, tuwe na subira na anayeuliza. Asishinikizwe kutaja tarehe wala kubadili jina. Tukae naye miaka, sio wiki ya semina. Tukishindwa kukaa miaka, tuogope kuanza, maana tumeona yaliyowapata waumini wa Kismayo baada ya 1935.

Tatu, tuwasikilize wanaorudi nyuma bila kuwatoa jasho madhabahuni. Mara nyingi mtu hakumwacha Yesu. Alikosa mahali pa kuzikia, au pa kuozesha, au mtu wa kumtembelea akiugua. Hayo ni makosa ya ushirika kabla hayajawa makosa yake.

Nne, sisi wazee tushuhudie na sehemu ya pili ya safari. Vijana wetu wanasikia tu siku tulipookoka. Wakipata mashaka wakiwa na miaka 25 chuoni, wanadhani wamepotea, kwa kuwa hawakusikia kamwe mzee akisema, "Hata mimi nilipita hapo." Waambieni. Waambieni mlipofiwa mliamini vipi, mlipofutwa kazi mliamini vipi, na ni jambo gani mliloliamini kwa ukali miaka ya nyuma ambalo Mungu amewasahihisha.

Nami nianze. Nilipokuwa na miaka 20 na kitu niliamini kwamba mkono ulioinuliwa ni roho iliyookoka, na kwamba kazi yangu ni kuhesabu. Leo naamini Yesu ni yuleyule, anaokoa, na ameniokoa. Lakini hesabu nimemwachia yeye.

Yule mzee mvuvi alifariki. Nilikwenda mazikoni, nikasimama nyuma na wengine, nikavua viatu mahali pa kuvua. Mwanawe alinishika mkono akasema, "Baba alikuwa anakutaja. Alisema una rafiki zake wa dua." Daftari langu la Jomvu bado ninalo. Mstari wa mikono 43 nimeuacha ulivyo, ila pembeni yake nimeandika majina niliyoyajua baadaye, machache tu, na kila asubuhi nawaombea walio hai na watoto wao. Siombi wabadilike haraka. Naomba Mungu awaonekanie, kwa wakati wake, jinsi alivyonivumilia mimi.

Heri ya maadhimisho, wapendwa wote, wa Mombasa, Lamu, Tanga, Handeni, Nairobi, Kampala na ninyi mlio mbali ng'ambo. Na ninyi ambao hatuwataji, mnajijua: tunawakumbuka mbele za Mungu kwa majina yenu yote mawili. Bwana awalinde. Amina.